Funda la Chai Baridi

Mvua za mwaka huu zimeingia mpaka ndani ya masanduku. Mkaza mwanangu alilivuta langu kutoka chini ya kitanda akalifungua barazani ili vitu vipate jua kidogo, kama jua la milimani hapa Werugha linaweza kuitwa jua, na harufu ikanifikia kabla sijaona kilichomo: karatasi iliyolala na unyevu, mafuta ya taa, na kitu kingine kama sufu iliyokaushwa karibu na moto. Niliweka chini bakuli la maharagwe niliyokuwa nachambua. Siku hizi nachoka upesi, na hata kukumbuka kunanichosha kama kupanda mlima. Lakini harufu haiombi ruhusa.

Kilikuwa kitabu cha Bibi Gweni. Mjukuu wangu anayesoma chuo kule Voi alikuwa nyumbani kwa likizo. Alikichukua, akafuta kuvu kwa mkono wa shati, akaliandika jina la jaladani kwenye simu yake. Alisoma kidogo. Kisha akasema, "Nyanya, huyu mama amefariki. Juzijuzi tu."

Nilimwomba anisomee. Alisoma taratibu akinigeuzia kwa Kiswahili. Bibi Gweni, ilisema, alikuwa mwandishi mkubwa wa riwaya huko kwao Wales, nchi ndogo iliyo ubavuni mwa Uingereza. Maisha yake yote aliandika kwa lugha ya kwao, na alipoambiwa kwamba akiandika kwa Kiingereza atasomwa na watu wengi zaidi, alikataa. Riwaya zake zilipewa tuzo, zikaingia mashuleni, na yeye akaitwa chuo kikuu kuwafundisha vijana kuandika. Macho yalipomkataa uzeeni, alikuwa akisimulia na binti mmoja akimwandikia. Habari yenyewe ilikuwa ndefu. Sisi tulipata mstari mmoja: katika ujana wake aliishi Afrika kwa muda mfupi, pamoja na mumewe mwalimu.

"Ni hivyo tu?" niliuliza.

"Ni hivyo tu, nyanya."

Nilimshukuru, nikarudi kwenye maharagwe. Sikuyaona.

Bibi Gweni na mumewe walipokuja hapa nilikuwa msichana wa kukata majani. Baba yangu alikuwa mwinjilisti wa kanisa la misheni, na mama alikuwa na ng'ombe mmoja wa maziwa aliyempenda kuliko alivyopenda kukiri. Asubuhi ukungu ulikuwa unatoka bondeni na kupanda matuta moja baada ya jingine, ukimeza kabichi, kisha ua, kisha ng'ombe mwenyewe, mpaka ukabaki unasikia kutafuna tu. Mume wa Bibi Gweni alipewa shule ya wavulana. Wasichana hatukuwa na shule. Ni yeye Bibi Gweni aliyetuita barazani kwake, tukakaa juu ya magunia, akatufundisha kusoma, hesabu na kushona. Alivaa sweta ya kijivu iliyonuka sufu na moshi, na mikono yake ilikuwa na baridi kama yetu. Hilo lilinishangaza, maana nilidhani Wazungu hawasikii baridi, kwa sababu baridi tuliambiwa ilitoka kwao.

Upande wa pili wa ua, wavulana walikuwa na kipande cha mbao chenye kamba. Aliyekamatwa akisema Kidawida, lugha yetu, alivikwa shingoni, akakaa nacho mpaka amsikie mwenzake akikosea amvike yeye. Barazani kwetu kipande hicho hakikuja. Siku moja tulimwuliza sababu. Alituambia, kwa Kiswahili chake kilichochechemea, kwamba bibi yake mzaa mama alivikwa kipande kama hicho alipokuwa mtoto, shuleni kwao, kwa kosa la kusema lugha ya nyumbani. Tulicheka sana. Tuliona ametunga ili kutufurahisha. Mzungu kuadhibiwa kwa sababu ya Kizungu chake lilikuwa jambo ambalo hata nyanya yangu, aliyependa kuongeza chumvi, asingethubutu kulisimulia.

Kila siku kabla hatujaingia alikaa kwenye meza ya dirishani akiandika. Midomo yake ilikuwa inacheza. Wenzangu walisema anamwandikia Malkia. Baba aliwahi kuokota karatasi moja iliyopeperushwa na upepo, na kwa kuwa ndiye aliyehesabika kusoma Kiingereza pale kijijini, watu walimzunguka wajue kilichoandikwa. Aliitazama mbele, akaigeuza, akaitazama nyuma. "Hiki si Kiingereza," akasema, na nikaona shingo yake imetoka jasho katika baridi ile. Tangu siku hiyo ilijulikana kwamba Bibi Gweni ana lugha ambayo hata mwinjilisti haijui.

Halafu alipata mtoto, na mtoto hakuishi. Walimzika chini kidogo ya kanisa. Mwalimu mwenyewe alisaidia kufukia. Bibi Gweni alisimama kando na sweta yake, hakulia, na mama zetu waliokuja kulia naye wakabaki hawajui waanzie wapi.

Baada ya hapo masomo yalisimama. Tulikwenda asubuhi tukakuta magunia yamekunjwa. Yeye alikuwa dirishani, anaandika kuliko zamani, na tulipomsalimu hakuitika. Karatasi zilipokuwa nyingi alizitia ndani ya sanduku la bati, akalifunga, akaweka juu yake jiwe. Nililiona lile jiwe, na nikaelewa jambo, au nilidhani nimeelewa.

Nimeshasema nilikuwa mtoto wa mwinjilisti. Lakini nyanya yangu, mama yake mama, aliishi chini kidogo ya kwetu, na yeye hakuwa amebatizwa, na mimi nilikula kwake mara nyingi kuliko baba alivyojua. Kwake ndiko nilikojifunza habari za kutasa. Mtu mwenye uchungu na mwenzake, ndivyo wazee wa Dawida walivyoshika, asikae nao moyoni. Hata kama hamtakii mwenzake mabaya, uchungu wenyewe ukikaa huwadhuru watoto na mifugo ya waliomzunguka. Basi huchukua funda la pombe ya miwa, au maji, akalipuliza nje kwa midomo kama manyunyu, akalitaja neno lililomkaa, kisha akatamka heri. Hapo moyo unakuwa mweupe. Na dalili ya kwanza ya mtu mwenye neno, nyanya alinifundisha, ni kwamba hasalimii.

Kwa hiyo nilijua. Bibi Gweni alikuwa na neno, hakuwa na wa kumwambia, na kila siku alilitia ndani ya sanduku na kuliwekea jiwe lisitoke.

Jioni moja baba alituambia, akiwa anaota moto, kwamba mwalimu ameamua kumrudisha mkewe kwao, kwa kuwa hali yake haiendi vizuri. Watateremka Voi mvua zikiisha. Mama aliuliza darasa la wasichana litashikwa na nani. Baba alisema hakuna wa kulishika. Mama akakoroga chungu, akasema, si kwa ubaya, kwamba basi, ng'ombe naye atapata majani yake kwa wakati.

Nilikuwa nimebakiza kidogo kufika mtihani wa darasa la nne. Msichana aliyeupita angeweza kupelekwa bweni, na aliyetoka bweni alikuwa mwalimu au muuguzi, mwenye viatu. Nililala nikisikia ng'ombe akitafuna upande wa pili wa ukuta, nikaona maisha yangu yote yanatafunwa pamoja na majani yale.

Kesho yake niliteremka kwa nyanya. Nilimweleza kila kitu: kutosalimia, sanduku, jiwe. Alinisikiliza huku akivuta ugoro, akapiga chafya, akauliza, "Ana neno na nani? Na mumewe?"

"Sidhani. Ni mtoto wake aliyekufa."

"Basi ana neno na Mungu," alisema nyanya, kama mtu anayetaja jirani. "Na hilo nalo hutemwa. Nipe mkono niinuke."

Tulipanda polepole, yeye akiyalaumu magoti yake na wamisheni waliojenga juu kana kwamba wanaogopa kutembelewa. Alibeba kibuyu kidogo chini ya kanga. Nilijua kilichomo, nikawa natazama nyuma kila hatua, maana baba alikuwa amehubiri juu ya vibuyu vya namna ile si mara moja.

Bibi Gweni alikuwa kwenye meza, na kikombe cha chai kimesahaulika kando ya karatasi. Nyanya alisimama mlangoni akaniambia kwa Kidawida, "Mwambie nimekuja kumsalimu, na kwetu mtu akisalimiwa huitika."

Nilimwambia. Bibi Gweni alimtazama yule mzee kwa muda, kisha akaitika.

"Vizuri," nyanya alisema. "Hajapotea mbali."

Walitoka nje, wakakaa barazani. Nilieleza kutasa nikikwama kila mahali, nikichanganya Kiswahili na vidole. Bibi Gweni aliniuliza nani amesema ana hasira. Nilimjibu kwamba hajatusalimu tangu siku ya kaburi. Nyanya akafungua kibuyu, na harufu ya pombe ya miwa ikajaa baraza yote ya misheni. Bibi Gweni alirudi nyuma. Akaniambia nimweleze nyanya kwamba kanisani kwao, tangu babu zake, hawanywi.

Nilitafsiri. Nyanya alishangaa kweli. "Nani amemwambia anywe? Mwambie ateme."

Hapo nikamwona Bibi Gweni akitabasamu, kidogo tu, kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi. Aliingia ndani akarudi na kile kikombe cha chai. Ilikuwa imepoa kabisa, na utando umetanda juu. Nyanya alikichungulia, akasema chai itafaa, mradi ilitoka mezani kwake mwenyewe. Kisha akamwonyesha kwa funda la pombe: manyunyu mepesi, mazuri, yakatua kwenye ngazi. Bibi Gweni naye akachukua funda akapuliza. Nusu ya chai ilimshukia kidevuni na kwenye sweta. Nilitaka kucheka, na nyanya akanifinya bila kunitazama.

"Sasa aseme."

"Aseme na Mungu?" niliuliza. "Hataogopa?"

"Mwambie Huyo ameshasikia makubwa kuliko yake."

Alianza chini kwa chini, kwa lugha ya kwao, ile ya karatasi. Ndiyo siku niliyoisikia kwa urefu: sauti za kooni, na sauti nyingine kama upepo unaopita pembeni mwa ulimi. Nilingoja amalize upesi, kwa kuwa watu wetu hawachukui muda. Yeye hakumaliza. Sauti ilipanda, ikavunjika, ikapanda tena, na kila alipopumua nyanya aliitika "Ee," kwa wakati wake barabara, kana kwamba anaelewa kila neno. Bibi Gweni alipuliza funda la pili, la tatu, mpaka kikombe kikaisha. Sasa alikuwa analia, kwa sauti, kama mama zetu walivyotaka alie nao siku ile.

Ukungu ulikuwa umefika kwenye ngazi. Ndani yake nikamwona baba. Alikuwa anatoka kanisani, na kutoka mbali alisikia mwanamke akimlilia Mungu na mwingine akiitikia. Akaona ni maombi. Alikuwa amevua kofia na kufumba macho. Bibi Gweni aliponyamaza, baba akasema kwa ile sauti yake ya Jumapili, "Amina."

Kisha akafumbua macho akaona kibuyu.

Kwetu mtu hasemezani ovyo na mama mkwe wake. Baba na nyanya walizungumza kupitia mimi hata wakiwa wamesimama karibu. Baba alinigeukia, taya linacheza. "Mwambie nyanya yako..." alianza, akamtazama Bibi Gweni anayejifuta uso kwa mkono wa sweta, akarudisha kofia kichwani.

"Mwambie baba yako ameitika vizuri," nyanya alisema.

Mpaka anakufa, nyanya alisimulia kila mgeni jinsi mkwewe mwinjilisti alivyomsaidia kutasa. Baba hakuwahi kukanusha. Na miaka mingi baadaye, akihubiri juu ya kusameheana, nilimsikia akisema kwamba maji ni maji, shida ni moyo unaoyatema. Alisema haraka, kisha akaenda kwenye jambo jingine.

Jumatatu magunia yalikuwa yametandikwa. Bibi Gweni alitusalimu mmoja mmoja kwa jina. Hakuna tena aliyezungumza habari ya kuteremka Voi, na mimi nilitembea kama mtu aliyenunua shamba. Jambo moja tu lilinisumbua: alikuwa bado anaandika. Jiwe lilikuwa limeondolewa juu ya sanduku, lakini karatasi ziliongezeka. Nilimwuliza, kama neno limetoka, anaandika nini tena.

"Habari ya mwanamke aliyenyamaza," alisema. "Mpaka juzi sikujua angesema nini."

Sikuelewa. Alipomaliza, alitukatia kitambaa cha marekani tumshonee mfuko wa kuzituma karatasi zile kwao kwa posta. Kazi hiyo aliigeuza kuwa somo letu la kushona. Mimi nilishona upande wa mdomo. Niliamini kwamba ndiyo hasira yenyewe sasa inapelekwa ilikotoka, na ikishafika huko hatakuwa na sababu ya kuondoka kwetu. Nilishona mishono ya karibukaribu, iliyobana, ili isivuje njiani ikarudi. Alinisifu. Alisema mishono yangu itafika Wales kabla yake, na hilo pia nililichukua kuwa mzaha.

Majibu yalikuja baada ya mavuno. Tulimwona Bibi Gweni akikimbia kushuka matuta, mtu mzima anakimbia katikati ya kabichi, karatasi mkononi, na alipofika alitukumbatia tuliokuwa karibu. Wachapaji wa kwao walikuwa wamekipenda kitabu. Walitaka kingine. Na yeye, alitueleza akihema, alikuwa na kingine, alikuwa navyo vingi, lakini alihitaji kuwa mahali ambapo lugha hiyo inasemwa barabarani. Mumewe amekubali. Tulipiga makofi kwa sababu alikuwa na furaha. Nilikuwa nimepiga makofi kwa muda kabla maana yake haijanifikia.

Niliteremka nao mpaka Voi pamoja na baba, juu ya lori la mboga. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kuona stesheni. Joto lilitoka chini, udongo mwekundu uliingia puani, na lile garimoshi lilipumua kama kitu kilichochoka kabla ya safari. Bibi Gweni alikuwa amevua sweta. Bila sweta alionekana mgeni. Alinishika mabega, akaniambia, "Nitarudi, Wakesho. Usiache kusoma." Nilimpa mkono, nikamtakia safari njema, nikaitika kila alichosema, ili asije mtu akadhani nina neno.

Hakurudi. Misheni iliahidi mwalimu mwingine wa wasichana, na alipopatikana mimi nilikuwa nimeshaolewa. Mtihani sikuufanya. Ng'ombe alipata majani yake.

Kitabu kilifika kwa posta, kimeandikwa jina langu ndani kwa mkono wake. Baba alikifungua, akatazama mbele na nyuma kama ile karatasi, akakiweka karibu na Biblia. Nilipoolewa nilikwenda nacho. Sikuwahi kukiacha mahali watoto wangu wanapolala. Nilikuwa mzee wa kanisa, nimewafundisha akina mama wa vijiji hivi kusoma Neno kwa kidogo nilichopewa juu ya magunia yale, na namshukuru Mungu kwa kidogo hicho kila siku. Hata hivyo kitabu nilikifungia sandukuni, chini ya kila kitu.

Mjukuu wangu alikuwa bado ameshika simu. Alisema simu inaweza kusoma ukurasa wowote na kuugeuza kuwa Kiswahili, si vizuri sana, lakini tutapata maana. Tukitaka tunaweza kujua kama alituandika.

Miaka yote hii nilitaka kujua alisema nini barazani pale. Lakini mtu akishatema, wa pembeni hainami kuokota. Nilimwambia akifunge.

Chai yangu ilikuwa imepoa kwenye kikombe. Nikashika mlango nikainuka, magoti yakilalamika kama ya nyanya, nikaenda mpaka ukingo wa baraza. Nilichukua funda nikalipuliza. Sikuwa nimefanya hivyo maisha yangu yote, na nusu ilinishukia kwenye leso.

"Gweni," nilisema, "mwana wa watu. Nilikufungua mdomo ubaki, ukaenda. Nilikushonea mfuko kwa mikono yangu. Ulisema nisiache kusoma, na uliyekuwa unanisomesha ni wewe. Neno hilo nimekaa nalo mpaka nimezeeka, na nilikuwa nasema sina. Sasa limetoka. Vitabu vyako viishi. Pumzika salama na mtoto wako."

Ukungu ulikuwa unapanda kutoka kwenye matuta. Kisha nyuma yangu nikamsikia mjukuu wangu, ambaye hakuna aliyemfundisha la kufanya, akisema taratibu, "Amina."